Ripoti ya Mikono

1

Jina la Kinue lilikuwa jekundu.

Nililisoma mara tatu. Ilikuwa Jumamosi asubuhi, siku yangu ya kwanza kama prodyuza wa Studio Hakoyanagi, na chai ilikuwa bado inafuka moshi mezani. Faili lilifunguka nilipoweka kidole changu kwenye kioo. Hadi jana yake, nilipokuwa msimamizi wa ratiba tu, sikujua kama faili hilo lipo. Juu kuliandikwa "Ripoti ya Mikono", na chini yake yalifuata majina ya wachoraji wote arobaini na sita, kila moja na rangi yake. Arobaini na moja kijani. Mawili manjano. Matatu mekundu.

"Orihara Kinue, miaka 58, msimamizi wa michoro. Mtetemo wa mkono wa kulia: miezi 31 tangu dalili ya kwanza. Uwezekano wa ugonjwa wa Parkinson: asilimia 92. Hatua: mkataba usihuishwe baada ya filamu inayoendelea. Mhusika asiarifiwe."

Mlango wa ofisi ile haufungiki vizuri. Kupitia ule upenyo nilimwona Kinue mwenyewe, amevaa sweta lake la buluu lenye viraka viwili viwikoni, ameinamia kioo chake cha kuchorea. Mstari uliotoka chini ya kalamu yake ulikuwa safi kama uzi uliovutwa pande mbili.

Hapo ndipo nilipoelewa Nagi ni nini hasa.

Kila mchoraji wa Tokyo anaijua Nagi. Kwa Kijapani neno hilo ni ule wakati bahari inapotulia pasipo upepo, na programu yenyewe imo ndani ya kila kioo cha kuchorea. Kalamu ikigusa, Nagi huusoma mstari kabla haujaonekana, huuondolea mkwaruzo na mtikisiko, kisha huuonyesha ukiwa umetulia. Yote hayo hutokea upesi kuliko kupepesa jicho. Vituo vya televisheni havipokei filamu ya katuni ambayo haikupita humo. Nasi tuliipenda, kwa sababu ilituokoa na marudio, ikatuokoa na maumivu ya macho. Hakuna hata mmoja wetu aliyeuliza ile mitikisiko inayoondolewa inakwenda wapi. Kumbe ilihifadhiwa. Mkono wa mtu huweza kutetemeka kwa miaka kabla mwenyewe hajahisi, na Nagi ilikuwa ikiuona mtetemo huo, ikiufuta mbele ya macho ya mwenye mkono, kisha ikimpelekea habari prodyuza.

Ugonjwa huo siku hizi una sindano zake, na sharti lake analijua kila mtu: zianze ndani ya miaka mitatu tangu dalili ya kwanza. Zikichelewa hazisaidii kitu. Miaka mitatu ni miezi thelathini na sita. Nilihesabu kwa vidole kama mtoto wa chekechea. Ilibaki mitano.

Halafu nikakumbuka bahasha, nikaona aibu hadi masikio yakawaka.

Kwetu kila kipande cha filamu, sekunde nne au tano, kina bahasha yake ya karatasi. Uchoraji ulihamia kwenye vioo miaka mingi iliyopita, lakini bahasha zilibaki, kwa sababu kazi lazima ipite mkononi mwa mtu na mtu aandike neno lake kwa kalamu kabla hajaipitisha kwa mwenzake. Mimi, Bahiya Shekidele, nilifika Japani kutoka Lushoto na shahada yangu ya filamu za katuni, na miaka minne ya kwanza nilikuwa tarishi wa bahasha hizo. Nilizungusha baiskeli mitaa yote ya Suginami, mvua na theluji. Nayajua maandishi ya watu kuliko sura zao. Ya Kinue niliyapenda kuliko yote. Alikuwa akiandika: "Macho yashuke kidogo. Huyu anaficha kilio." Au: "Mbwa huyu ana furaha mno, mkono wako umeshiba?"

Katika miaka miwili ya mwisho herufi zake zilikuwa zimepungua ukubwa, na hiyo ni dalili ya ugonjwa huo, ila wakati huo sikuijua. Mwezi baada ya mwezi zilisinyaa, hadi nikaanza kuzisoma kwa lenzi. Nami nikaamua, kwa akili yangu yote ya msimamizi wa ratiba, kwamba tatizo ni nafasi: kisanduku cha maoni kwenye bahasha ni kidogo, bibi wa watu anabanwa. Nikachapisha bahasha mpya elfu sita zenye kisanduku mara mbili ya kile cha zamani. Nilisifiwa kwenye kikao. Kinue aliniinamia kunishukuru, akaenda mezani kwake, na katikati ya kisanduku changu kikubwa akaandika herufi ndogo kama mayai ya sisimizi.

2

Jumatatu alikuja Tsubouchi, mjumbe wa kamati ya watayarishaji. Kamati hiyo ndiyo yenye filamu: imo kampuni ya vitabu, imo ya vinyago vya watoto, kimo kituo cha televisheni, imo na kampuni inayomiliki Nagi. Tsubouchi mwenyewe alikuwa prodyuza kwa miaka ishirini kabla hajapandishwa. Aliniletea boksi la keki za maharage, akalisukuma kwangu kwa mikono miwili.

"Naona umeisoma," alisema.

"Nimeisoma, Tsubouchi-san. Kinue-san anahitaji kuonana na daktari."

"Kila mtu wa miaka hamsini na nane anahitaji kuonana na daktari. Mimi pia. Magoti yangu yanalia nikipanda ngazi zenu."

"Magoti yako unayasikia mwenyewe. Yeye mkono wake hausikii, kwa sababu sisi tunaufuta."

Alifungua boksi, akachagua keki, asiile.

"Nikuambie kitu. Mwaka wa kwanza wa ripoti hii, nikiwa kwenye kiti hicho ulichokalia, nilimwambia mtu. Kijana wa miaka thelathini, hodari wa kuchora moto na moshi. Ripoti ilimweka nyekundu, nami nikashindwa kulala, nikamwita nikamwambia. Aliacha kazi. Akavunja uchumba, ili asimbebeshe msichana wa watu mzigo. Akarudi kwao Akita. Baada ya miaka miwili hospitali ikamwambia hana kitu. Alikuwa miongoni mwa wale wanane katika mia. Sasa hebu nifundishe, Bahiya-san, mtu kama huyo unamwomba radhi kwa maneno gani?"

Niliona kwamba hadithi ilikuwa ya kweli, na kwamba alikuwa ameibeba muda mrefu.

"Na wale tisini na wawili?" niliuliza.

"Wale hawakunipigia simu kunilaumu."

"Hawakujua wampigie nani."

Aliiweka keki chini. Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Siku hizi sheria inamkataza asiye daktari kumtabiria mtu ugonjwa. Ukiivunja, Nagi inazimwa katika jengo hili siku hiyohiyo. Bila Nagi hakuna kituo kitakachoipokea filamu yenu, Ndege wa Chumvi. Hapo ni watu arobaini na sita na miaka yao mitatu ya kazi. Na wewe kibali chako cha kuishi kimefungwa kwenye cheo hiki, sina haja ya kukukumbusha. Zimebaki wiki tisa. Filamu ikiisha, mkataba wa Orihara-san utaisha wenyewe, atapumzika."

"Atapumzika bila kujua kwa nini."

"Wengi wetu hupumzika hivyo."

Natamani ningeweza kuandika kwamba niligonga meza. Nilimsindikiza hadi kwenye lifti, nikainama, nikamshukuru kwa keki.

3

Siku zikapita. Kila asubuhi Kinue aliniletea bahasha zake, nami nilimuuliza kama amekula. Sikujua la kumuuliza zaidi.

Alhamisi nilikwenda kula chakula cha mchana chumba cha ukaguzi, kwa Makame. Makame ni mtu wa Makunduchi, ana miaka kumi na miwili hapa, na kazi yake ni kukagua zile picha za katikati zinazomtoa mhusika kwenye tendo moja hadi jingine. Ni yeye peke yake pale studio ninayeweza kumsikia akinitukana kwa Kiswahili.

"Mheshimiwa prodyuza," alisema, "tangu wakupe ofisi umekuwa kama mtu aliyemeza ufunguo."

"Niache, Makame."

"Nikuache vipi, na samaki wangu unamtazama utadhani anakudai? Kula, dada. Cheo hakishibishi."

Nikala kidogo. Kisha nikamuuliza kama anamkumbuka Hiraoka, mchoraji wetu wa zamani aliyeondoka ghafla.

"Mzee wa farasi! Nani atamsahau? Farasi wake walikuwa wanatoa jasho, wallahi. Ukikagua picha zake unatamani kujifuta."

"Yuko wapi siku hizi?"

Makame aliweka vijiti vyake juu ya bakuli. "Saitama. Nilikwenda kumwona mwaka juzi. Mkewe anamnywesha supu kwa kijiko." Alisogeza bakuli kando. "Unajua aliniambia nini? Alisema, Makame, mkataba wangu haukuhuishwa na hakuna aliyenieleza, nikajua nimechora vibaya. Basi nikakaa nyumbani nikajifunza farasi upya, tangu mifupa, mwaka mzima. Mkono ulipoanza kutikisika nikasema hii ni huzuni tu, itapita."

Sikumaliza chakula. Nilirudi ofisini nikafungua ripoti za zamani, ambazo zote zilikuwamo kwenye faili lilelile, mwezi kwa mwezi, miaka kumi na moja. Hiraoka: nyekundu, miezi kumi na minne. Mhusika asiarifiwe. Siku walipomwacha aende, alikuwa na miezi ishirini na miwili mkononi ya kujitibu. Aliitumia kuchora mifupa ya farasi.

Jioni Makame alinikuta kwenye ngazi.

"Sema basi."

"Makame, kama ungekuwa na habari mbaya ya mtu, na yenyewe huenda si kweli..."

"Ni yangu?"

"Si yako."

"Uhakika?"

"Wewe mzima kama punda."

"Alhamdulillahi." Alipumua, akakaa ngazi ya chini yangu. "Sasa kama si yangu, mimi unaniambia wa nini? Kamwambie mwenyewe."

4

Hata hivyo nilichukua siku nne zaidi. Nilikuwa natafuta ujanja, na ujanja niliupata. Ningezipanga bahasha za Kinue sakafuni, kuanzia za miaka mitatu nyuma hadi za wiki hii, nikamwomba apite pembeni yake. Angeyaona maandishi yake yakisinyaa, angejiuliza, angekwenda hospitali kwa miguu yake. Sheria haijavunjwa, Nagi haijazimwa, nami sijasema neno.

Jumatatu saa nne asubuhi nilikuwa nimepiga magoti sakafuni na bahasha ya tatu mkononi nilipojiona nilivyo. Ilikuwa ni njia nyingine tu ya kunyamaza. Nikazirudisha kabatini, nikamwita.

Alikuja na kikombe chake. Nilikuwa nimetoa ukurasa mmoja kwenye ile ripoti, wenye mstari wake peke yake. Nikauweka mbele yake, nikamweleza ni nini na umetoka wapi, na kwamba katika watu mia wanane huambiwa hivyo na hawana kitu. Sikupunguza neno wala sikuongeza.

Alisoma polepole. Akaweka kikombe chini.

"Ulijua lini?"

"Jumamosi ile nilipopewa ofisi."

"Siku tisa."

"Ndiyo."

"Siku tisa nimekuletea bahasha mezani hapa, na kila siku unaniuliza kama nimekula."

"Ndiyo, Kinue-san."

"Nimekula!" Aliipiga kofi ile karatasi hadi chai ikaruka. Watu nje waligeuka. Katika miaka saba sikuwahi kumsikia akipaza sauti. "Nimekula, asante! Nimekula vizuri sana!"

Sikuona kama nina haki ya kulia mbele yake, kwa hiyo nikatazama viraka vya sweta lake hadi pumzi zake zikatulia.

"Nionyeshe mstari," alisema.

"Upi?"

"Wangu. Huo wanaoufuta."

Prodyuza anaweza kuuona mstari mbichi, ila haruhusiwi kuuonyesha. Niliweka kidole. Kipande cha 109: bibi mmoja yuko ufukweni anamwosha ndege mabawa yaliyoganda chumvi. Mikono ya yule bibi ilitokea mara mbili juu ya kioo, mara moja kwa buluu, tulivu, kama ilivyokuwa ikienda kuonyeshwa. Na chini yake kwa kijivu, jinsi mkono wa Kinue ulivyoichora. Mistari ya kijivu ilitikisika yote, kama nyasi za kando ya barabara lori linapopita. Lakini ilijua inakokwenda. Kila kidole kilikuwa kimefika mahali pake.

Kinue aliangalia kwa muda mrefu sana.

"Miaka miwili," alisema hatimaye, "nikifika nyumbani namwambia paka wangu kwamba nimeisha. Mistari ni mizuri, kila mtu anaisifia, nami siihisi. Nilidhani ni moyo umezeeka." Aliugusa ule mstari wa kijivu kwa ncha ya ukucha. "Kumbe huyu hapa. Maskini, muda wote alikuwa anapiga hodi."

"Nisamehe."

"Mimi peke yangu? Wako wangapi?"

"Wekundu wengine wawili. Manjano wawili."

"Na hao wa kijani, wao hawana haki ya kujua kwamba wanachunguzwa?"

Saa sita mchana nilimpelekea kila mchoraji wa studio ukurasa wake, wake tu, pamoja na mistari yangu mitatu ya maelezo na jina langu chini. Wale wanne niliwaita mmoja mmoja kwanza, nikawaambia ana kwa ana. Mmoja alinikumbatia. Mmoja alitoka bila kuniangalia, na hadi leo sijui kama amenisamehe.

Nilipomrudia Kinue kumuuliza anakwenda hospitali lini, alikuwa ameshakaa mezani, kalamu mkononi.

"Filamu ikiisha," alisema.

"Filamu inaisha baada ya wiki nane. Foleni ya vipimo ni miezi mitatu. Una miezi mitano."

"Basi inatosha."

"Inatosha kwa unywele mmoja, Kinue-san! Ukipata mafua tu siku ya miadi, imepita!"

"Miaka thelathini na sita sijaacha kipande mezani nikaenda zangu. Hata mama alipofariki nilimaliza kwanza, ndipo nikapanda treni." Alisema hivyo kwa fahari, kama sisi sote tunavyosema mambo ya namna hiyo katika kazi hii, na nikaona kwamba Nagi haikuwa kitu pekee kilichotufundisha kutousikia mwili. "Nenda, Bahiya-san. Unanizibia mwanga."

5

Jumatano Tsubouchi alikuja na karatasi moja na koti jeusi.

Hapa mtu akikosea kazini huwa anasimama mbele ya wenzake, anasoma radhi yake, anainama. Nimeona wakurugenzi wakifanya hivyo na marubani wakifanya hivyo. Ni desturi nzuri, naipenda, ina heshima ndani yake. Koti alikuwa ameniletea kwa sababu alijua sina.

"Soma kama ilivyo," aliniambia mlangoni. "Kwamba takwimu zilikuwa za majaribio, hazina ukweli, zimetumwa kwa makosa, kila mtu azifute. Ukimaliza, unabaki na kiti chako, nao wanabaki na filamu yao. Kamati imekubali kwa taabu kutoizima Nagi. Nimekuombea mimi."

Nadhani kweli aliniombea. Nikavaa koti. Mikono yake ilinifika kwenye vidole.

Watu arobaini na sita walikuwa wamesimama katikati ya meza zao. Kinue alikuwa nyuma kabisa, penseli imechomekwa kwenye nywele. Nilisoma sentensi ya kwanza: "Naomba radhi kwa usumbufu nilioleta." Ya pili ilisema takwimu hazina ukweli. Niliitazama, na ulimi ukakataa.

Nikaikunja karatasi.

"Naomba radhi," nilisema, "kwa siku tisa. Nilijua siku tisa na nikanyamaza, nikala keki. Ripoti haikutumwa kwa makosa. Inatengenezwa kila mwezi, kwa miaka kumi na moja, na kila prodyuza aliyekaa kile chumba ameisoma. Huenda imekosea kuhusu wewe au wewe, na hilo litasemwa na daktari, si na mimi wala kamati. Hiraoka-san hakuchora vibaya. Nataka hilo lijulikane leo, kwa sauti, ndani ya jengo hili. Hakuchora vibaya hata siku moja. Mkono ni wa mwenye mkono, na habari zake ni zake. Nilichelewa kuliona hilo, na kwa kuchelewa huko naomba radhi kutoka moyoni."

Nikainama, chini kabisa, hadi nikaona ncha za viatu vyangu. Sikuinuka haraka.

Tsubouchi alingoja niinuke. Kisha akanyoosha mkono, nami nikavua kitambulisho nikampa, na koti pia. Akatugeuzia mgongo akapiga simu. Alizungumza maneno machache sana. Mlangoni alisimama kidogo kana kwamba anataka kuniuliza jambo, lakini akapiga chafya, akaenda.

Vioo vyote vilizimika mara moja, vikawaka tena. Ile alama ndogo ya wimbi kwenye pembe ya kioo, ambayo tumeiona kila siku ya maisha yetu ya kazi, haikurudi. Nagi ilikuwa imeondoka.

Halafu Makame, ambaye hajawahi kuvumilia ukimya, akaichukua kalamu yake akachora mstari mmoja mrefu.

"Astaghfirullahi!" alisema kwa Kiswahili. "Huu mstari wangu, au kuku kapita?"

Waliomzunguka hawakuelewa neno, lakini waliona kioo chake, wakaona uso wake, wakacheka. Kisha kila mtu akataka kuona wa kwake. Kote chumbani kalamu zilianza kugusa vioo. Fundi wa mandhari alikuwa na mkono unaovutia kushoto, hakujua. Tarishi wetu, mama mwenye watoto watatu asiyechora kabisa, aliandika jina lake na kulipiga picha. Binti wa dirishani, mmoja wa wale wawili wa manjano, alichora duara, akaliangalia, akachora jingine pembeni yake, na jingine. Chumba kizima kilikuwa kimejaa mistari iliyopinda, iliyokwama, iliyosita, na sijawahi kuona kitu kizuri namna ile mahali pa kazi.

"Ratiba ikoje sasa?" mtu aliuliza.

Ilinichukua muda kufahamu kwamba ananiuliza mimi.

"Mimi si prodyuza tena," nilisema. "Mmeona."

"Hatujakuuliza cheo," alisema Kinue kutoka nyuma. "Tumekuuliza ratiba."

Hatukuwa na kituo cha kuipokea filamu. Mimi nilikuwa na siku thelathini za kutafuta kazi nyingine au kupanda ndege. Kamati ingeweza kutufungia umeme wiki ijayo. Niliyafikiria yote hayo nikitembea kwenda kwenye ubao mkubwa wa ukutani, na kufika pale nikagundua kwamba siogopi hata kidogo. Kuna majumba ya sinema madogo. Kuna kumbi za shule. Kuna Tanga na Nairobi na Unguja, kuna kuta nyeupe duniani kote. Filamu ina mistari ya watu ndani yake, itapata pa kuonyeshwa.

Nilifuta kila kitu kilichokuwa ubaoni. Kinue alikuwa amekuja mbele na bahasha ya kipande cha 109 chini ya kwapa.

"Anza na hiki," alisema. "Nakichora upya chote, kwa mkono huuhuu."

"Hapana."

Nikaandika mstari wa kwanza kwa herufi kubwa: ALHAMISI, SAA TATU ASUBUHI. ORIHARA KINUE. HOSPITALI.

"Sina miadi," alisema Kinue.

"Unayo. Kuna mtu aliahirisha. Nilipanga foleni jana tangu alfajiri hadi wakanipa nafasi yake."

"Nani alikutuma?"

"Ratiba ni kazi ya prodyuza."

"Umesema sasa hivi wewe si prodyuza."

"Basi njoo ufute."

Nilimnyooshea kifutio. Aliutazama mkono wangu, akautazama ubao. Katika kazi hii watu hugombana na mwongozaji, hugombana na kamati, hugombana na wake zao na waume zao, lakini sijapata kumwona mchoraji yeyote akifuta kilichoandikwa ubaoni. Kinue alikuwa na miaka thelathini na sita ya kuutii. Nilimwona akiitafuta njia ya kupita, akaikosa.

"Hiki nacho utakiweka wapi?" aliuliza, akiinua bahasha.

"Ijumaa asubuhi."

"Ijumaa mchana," alisema. "Asubuhi nitakuwa bado nimechoka na sindano za vipimo vyao."

Nikaandika: Ijumaa, mchana.